Muhuri wa Nani? Vibarua wa Shule za Umma Kenya na Madai ya Ajira ya Kudumu

Nchini Kenya watu wawili wanaweza kuingia lango moja la shule ya umma alfajiri moja, wote wawili wakiwa hawana ajira ya kudumu, na bado sheria ikawatazama kwa macho tofauti kabisa. Mmoja ni mwalimu mwanagenzi wa Sekondari Msingi, ambaye barua yake imetoka Tume ya Huduma za Walimu, yaani TSC. Mwingine ni mpishi, ambaye barua yake, ikiwa aliwahi kupewa barua, imepigwa muhuri wa shule na kutiwa saini na mwalimu mkuu kwa niaba ya bodi ya usimamizi. Wa kwanza alipokwenda mahakamani hakuwa amemaliza hata miaka miwili kazini, na alishinda. Wa pili huenda amesimama mbele ya sufuria za ugali tangu wazazi wa wanafunzi wa leo walipokuwa wanafunzi, lakini akienda kudai kitu kilekile, nafasi yake ya kukipata ni ndogo mno. Mjadala wetu kuhusu vibarua wa shule umejaa huruma na hasira, na vyote viwili vina haki yake, ila swali linaloamua karibu kila kesi ya aina hii hupitwa kama halipo: mwajiri wa mtu huyu ni nani?

Tuanze na ushindi, kwa kuwa ndio uliowapa wengine matumaini. Tarehe 17 Aprili 2024, Jaji Byram Ongaya wa Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi jijini Nairobi aliamua ombi lililowasilishwa na shirika la Forum for Good Governance and Human Rights dhidi ya TSC. Waliohusika walikuwa walimu waliosomea kazi hiyo, wakafuzu, wakasajiliwa na TSC yenyewe, kisha wakapelekwa madarasani kwa jina la wanagenzi. Waliofundisha Sekondari Msingi walilipwa posho ya shilingi 20,000 kwa mwezi na wale wa shule za msingi shilingi 15,000, kabla ya makato, ilhali vipindi walivyobeba havikuwa na tofauti na vya wenzao walioajiriwa kikamilifu. Mahakama ilisema kwamba mpango huo ulikiuka haki ya kila mtu ya kutendewa kwa haki kazini, iliyo katika Kifungu cha 41 cha Katiba, na kwamba TSC haikuwa na mamlaka ya kisheria ya kuchukua wanagenzi. Jukumu lake chini ya Kifungu cha 237 ni kusajili walimu na kuwaajiri walimu waliosajiliwa.

Ukiutazama uamuzi huo kwa makini, utaona kwamba haukujengwa juu ya urefu wa utumishi, wala juu ya dhiki ya kuishi mjini kwa shilingi elfu kumi na saba baada ya makato. Ulijengwa juu ya mambo mawili makavu. La kwanza, kulikuwa na mwajiri mmoja asiyeweza kukana barua zake. La pili, mwajiri huyo ni tume iliyoundwa na Katiba, yenye orodha ya kazi zake, na katika orodha hiyo hakuna neno mwanagenzi. Utetezi wa TSC kwamba fedha hazikuwepo na kwamba walimu walitia saini kwa hiari yao haukuweza kuziba pengo hilo, kwa sababu saini ya mwalimu haiwezi kuipa tume ya umma mamlaka ambayo sheria haikuipa.

Yaliyofuata yanafundisha zaidi ya hukumu yenyewe. Mahakama ilisimamisha utekelezaji hadi tarehe 1 Agosti ili tume isikwame ghafla. Shule zilipofunguliwa mwezi Mei, baada ya mafuriko kuahirisha muhula wa pili, wanagenzi wengi hawakurudi darasani. Wakaandamana, wakatishiwa kufutwa, na baadhi wakaandikiwa barua za kutakiwa kujieleza. Bunge likatafuta fedha katika bajeti iliyofuata, na Januari 2025 walimu wapatao 46,000 wakaingia katika ajira ya kudumu yenye pensheni. Mwezi huohuo, TSC ikachukua wanagenzi wengine 20,000. Yaani mpango uliotajwa na mahakama kuwa hauna msingi wa kisheria uliendelea kwa watu wapya, kana kwamba hukumu iliwahusu waliokuwemo tu na si utaratibu wenyewe.

Wenye kumbukumbu watasema haya tuliyaona. Serikali ilikuwa imesitisha ajira ya moja kwa moja ya walimu wanaohitimu tangu 1998, na mwaka 2010 ikawachukua walimu wapatao 18,000 kwa mkataba na kwa malipo ya chini kuliko ya wenzao. Chama cha walimu, KNUT, kilipinga, na mgomo wa Septemba 2011 ndio uliowaingiza walimu hao katika ajira ya kudumu. Kwa hiyo mara zote mbili nafasi zilitoka katika bajeti iliyoshinikizwa. Hukumu ya 2024 ilikuwa na uzito, kwa kuwa iliwapa waandamanaji hoja ambayo waziri hakuweza kuijibu kwa kusema ni uchochezi, lakini hakuna jaji anayeweza kuandika mstari katika makadirio ya matumizi ya serikali. Anayekwenda mahakamani akidhani atatoka na barua ya ajira amekosea mlango, hata kama kesi yake ni ya haki.

Sasa turudi kwa mpishi, na pamoja naye karani, mlinzi, matroni, msaidizi wa maabara na yule mtu wa shamba ambaye pia hutengeneza mabomba, hufungua lango usiku na kuzika ng'ombe wa shule akifa. Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013, katika Kifungu cha 59, inaipa bodi ya usimamizi ya kila shule kazi ya kuwatafuta, kuwaajiri na kuwalipa wafanyakazi wasiokuwa walimu. Maneno ni mepesi na maana yake ni nzito. Wizara ya Elimu haimwajiri mpishi. TSC haimwajiri mpishi. Tume ya Utumishi wa Umma haimjui. Anayemwajiri ni bodi ya watu wanaohudumu kwa vipindi vya miaka mitatu, wengi wao wazazi na wawakilishi wa mfadhili wa shule, ambao hukutana mara chache kwa muhula na ambao katibu wao ni mwalimu mkuu, mtu anayeweza kuhamishwa na TSC wakati wowote. Mpishi anapotaka kumshtaki mwajiri wake, anashtaki kundi ambalo huenda halina hata mmoja wa wale waliokaa kikao cha kumwajiri.

Bodi hiyo haina chanzo chake cha mapato. Inategemea mgao wa serikali kwa kila mwanafunzi, ambao katika shule za msingi umekuwa shilingi 1,420 kwa mwaka na katika sekondari za kutwa shilingi 22,244, ndani yake kukiwa na fungu la mishahara ya wafanyakazi, pamoja na karo ya bweni pale ambapo pana bweni. Mgao hutolewa kwa utaratibu wa asilimia 50 muhula wa kwanza, 30 wa pili na 20 wa tatu, na kila anayefanya kazi katika ofisi ya fedha ya shule anajua kwamba hata asilimia hizo huchelewa. Julai 2025 Waziri wa Fedha John Mbadi aliiambia kamati ya elimu ya Bunge la Taifa kwamba serikali haina uwezo wa kuzitoa hizo 22,244 kamili. Hesabu ni rahisi: vyakula hukopwa, umeme hukopwa, na mkopo wa mwisho, usio na riba na usio na dalali, ni mshahara wa mpishi. Ndiyo maana malimbikizo ya mishahara ya miezi kadhaa yamekuwa jambo la kawaida katika shule nyingi, na ndiyo maana chama cha wafanyakazi hao, KUDHEIHA, kimekuwa kikidai kwamba serikali iwachukue moja kwa moja.

Neno hilo, moja kwa moja, si la mapambo. Kifungu cha 260 cha Katiba kinaeleza ofisi ya umma kuwa ile ambayo mshahara na marupurupu yake hulipwa moja kwa moja kutoka katika Mfuko Mkuu wa serikali, au moja kwa moja kutoka katika fedha zilizotolewa na Bunge. Pesa inayomlipa mpishi imetolewa na Bunge. Hilo halina ubishi. Lakini imepitia wizarani, ikaingia katika akaunti ya shule, ikachanganyika na karo za wazazi, kisha bodi ndiyo iliyoidhinisha malipo. Je, hiyo ni moja kwa moja? Wakili wa mpishi atasema bodi ni mrija tu, na maji yanayotoka upande huu ni yaleyale yaliyoingia upande ule. Wakili wa serikali atasema Katiba ingetaka kuihesabu mirija isingeandika maneno hayo. Binafsi naona hoja ya pili ina nguvu zaidi kisheria na hoja ya kwanza ina ukweli zaidi kimaisha, na hapo ndipo penye uchungu wa suala zima: dola imejenga mrija huo kwa sheria yake yenyewe, kisha inautumia kama ushahidi kwamba haimjui mtu anayekunywa upande wa pili.

Wengi hukimbilia Kifungu cha 37 cha Sheria ya Ajira ya 2007, na hapa kuna kutoelewana ambako kumewagharimu wafanyakazi pesa za mawakili. Kifungu hicho kinasema kwamba kibarua anayefanya kazi mfululizo kwa siku zinazofikia mwezi mmoja au zaidi, au anayepewa kazi ambayo haiwezi kutarajiwa kwisha katika jumla ya miezi mitatu, mkataba wake utachukuliwa kuwa wa malipo ya mwezi, na atastahili notisi ya siku 28. Akiendelea miezi miwili au zaidi, anastahili masharti ambayo sheria ingempa kama hangeanza kama kibarua: likizo ya siku 21 kwa mwaka, likizo ya uzazi ya miezi mitatu, ulinzi dhidi ya kufukuzwa bila sababu. Ni kinga kubwa, na waajiri wa shule huiogopa kuliko wanavyokiri. Lakini kifungu hakisemi popote kwamba kibarua atageuka kuwa mtumishi wa serikali wa kudumu mwenye pensheni. Kinambadilisha kutoka mtu wa siku hadi mtu wa mwezi, kwa mwajiri yuleyule. Ikiwa mwajiri alikuwa bodi, anabaki kuwa bodi.

Hata amri ya kurudishwa kazini, ambayo mahakama inaweza kuitoa ndani ya miaka mitatu tangu mtu afukuzwe, humrudisha mfanyakazi pale alipokuwa. Aliyekuwa kibarua wa bodi hurudi kuwa kibarua wa bodi, safari hii chini ya mwalimu mkuu aliyeshindwa naye mahakamani. Si ajabu kwamba wengi huchagua fidia, ambayo kwa kufukuzwa isivyo haki haizidi mishahara ya miezi 12, na mishahara hiyo huhesabiwa kwa kile kidogo walichokuwa wakilipwa.

Kuna kundi la tatu ambalo hali yake ni ya ajabu kuliko zote, nalo ni walimu wanaoajiriwa na bodi. TSC imekuwa ikitaja upungufu wa karibu walimu 100,000 katika shule za umma, na kwa miaka yote hii pengo hilo limezibwa na vijana waliohitimu, wengi wao wakiwa na namba ya usajili ya TSC, ambao hulipwa na bodi kwa mkataba wa muhula hadi muhula. Aprili, Agosti na Desemba hawana kitu. Soma tena Kifungu cha 59: kinataja wafanyakazi wasiokuwa walimu. Soma Kifungu cha 237 cha Katiba: anayeajiri walimu waliosajiliwa ni TSC, na anayewapeleka katika shule za umma ni TSC. Ukiifuata mantiki ya Jaji Ongaya hadi mwisho wake, mwalimu wa bodi anasimama mahali ambapo hapana sakafu, kwa kuwa kama tume yenyewe haina mamlaka ya kuwachukua walimu kwa masharti yasiyo kamili, ni vigumu kuona bodi ilipata wapi mamlaka ya kuwachukua kwa masharti duni zaidi. Na mshahara wake mara nyingi hutoka katika mchango wa wazazi ambao wizara hukataza kwa waraka na kuufumbia macho kwa vitendo, kwa sababu elimu ya msingi inatakiwa kuwa ya bure na ya lazima.

Mtu angedhani kwamba mwalimu huyu ndiye mwenye kesi nzuri kuliko wote. Sivyo, au tuseme si kwa urahisi. Mkataba usio na msingi wa kisheria una makali pande mbili: unaweza kumfanya mlalamishi aonekane mtu aliyedhulumiwa na mfumo, na unaweza vilevile kuifanya TSC iseme kwamba haikuwahi kumwajiri, haikujua habari zake na haiwezi kubebeshwa makosa ya bodi. Mkataba wa muhula nao umekatwa kwa ujanja. Mahakama za Kenya zimeshikilia mara nyingi kwamba mkataba wa muda maalumu hufika mwisho siku yake inapofika, bila mwajiri kulazimika kutoa sababu, labda mlalamishi aonyeshe kwamba mwajiri mwenyewe alimpa sababu ya haki ya kutarajia kuendelea. Bodi inayouacha mkataba uishe kila shule inapofungwa haijavunja sheria kwa kufanya hivyo, ingawa mwalimu huyo amerudi muhula baada ya muhula kwa miaka sita.

Na hiyo sababu ya haki ya kutarajia si kitu cha kuokota jukwaani. Mwaka 2014, katika kesi ya Royal Media Services na mamlaka ya mawasiliano, Mahakama ya Upeo iliweka vigezo: ahadi iwe wazi na isiyo na utata, itolewe na mamlaka yenye uwezo wa kisheria wa kuitoa, tarajio lenyewe liwe la busara, na haliwezi kwenda kinyume na maneno bayana ya sheria au Katiba. Mbunge anayewaambia wapishi katika hafla ya mazishi kwamba serikali itawachukua wote kabla ya uchaguzi hajatimiza hata kigezo kimoja. Nimeona nakala za hotuba za namna hiyo zikiambatishwa kwenye hati za kiapo, na nilimhurumia karani aliyezipiga chapa.

Wahindi wamelipitia tatizo hili kwa marefu kuliko sisi, na kwa kuwa sheria zao na zetu zina asili moja ya Kiingereza, mapito yao yanafaa kutazamwa. Tarehe 10 Aprili 2006, jopo la majaji watano wa Mahakama Kuu Zaidi ya India, katika shauri lililohusu vibarua wa jimbo la Karnataka, liliamua kwamba mtu aliyeingia katika kazi ya umma bila ushindani wa wazi hawezi kudai ajira ya kudumu kwa sababu tu amekaa muda mrefu. Liliacha mlango mdogo: waliofanya kazi miaka kumi au zaidi katika nafasi zilizoidhinishwa, bila kulindwa na amri za mahakama, wangeweza kufikiriwa mara moja tu. Kwa karibu miongo miwili serikali za majimbo zilitumia hukumu hiyo kama ukuta. Mwaka 2017 mahakama hiyohiyo ilikwenda mbali zaidi, ikathibitisha kubatilishwa kwa hatua ya jimbo la Uttar Pradesh ya kuwapandisha walimu wasaidizi wa vijijini kuwa walimu kamili, kwa sababu hawakutimiza sifa zilizowekwa na sheria. Kundi zima lilikuwa na watu zaidi ya 170,000, na waliokwisha kupandishwa walirudishwa chini. Ajira ya kudumu waliyopewa na wanasiasa ilivunjwa na majaji.

Lakini hadithi haikuishia hapo. Desemba 2024, mahakama hiyo iliwapa ajira ya kudumu wafagiaji na mtunza bustani waliofanya kazi kwa miongo katika idara ya serikali kuu ya maji, ikasema kwamba hukumu ya 2006 ilikusudiwa kuzuia uajiri wa mlango wa nyuma na haikukusudiwa kuwa ngao ya serikali inayotaka kazi ya kudumu kwa bei ya kibarua. Na kabla ya hapo, Desemba 2020, Mahakama Kuu ya Allahabad ilisikiliza shauri la mpishi wa shule ya msingi aliyelipwa rupia 1,000 kwa mwezi. Mahakama haikumpa cheo cha serikali. Ilisema kwamba malipo hayo ni kazi ya kulazimishwa iliyokatazwa na Katiba, kwa sababu mnyonge hana uwezo wa kukataa masharti ya mwenye nguvu, na ikaamuru wapishi wa shule walipwe kima cha chini cha mshahara. Naiona hukumu hiyo ya Allahabad kuwa na manufaa zaidi kwa mpishi wa Kakamega au Kwale kuliko ile ya wanagenzi wa TSC, ingawa haijulikani sana kwetu.

Sababu yangu ni hii. Dai la kudumu linamtaka mpishi athibitishe kwamba mwajiri wake ni mtu mwingine kuliko yule anayetajwa na sheria. Dai la kima cha chini halimtaki athibitishe hivyo. Bodi ni mwajiri, na mwajiri yeyote Kenya, wa umma au wa binafsi, anafungwa na amri ya mishahara. Kima kilichoanza Novemba 2024 kwa mfanyakazi wa kawaida katika Nairobi, Mombasa, Kisumu na Nakuru ni shilingi 16,113 na senti; mashambani ni kidogo zaidi, lakini hata hicho kidogo shule nyingi hazikifikii. Mfanyakazi asiye na barua hana haja ya kukata tamaa, kwa kuwa sheria inamtaka mwajiri ndiye aweke masharti ya kazi kwa maandishi, na asipoweza kuyaleta mahakamani, mzigo wa kukanusha maneno ya mfanyakazi unamwangukia yeye. Ujumbe wa M-Pesa wa miaka mitatu, kitabu cha mahudhurio, hata picha ya siku ya zawadi yenye jina la mwaka, vyote ni ushahidi. Kinachomponza mfanyakazi ni muda: sheria inatoa miaka mitatu, na wengi huimaliza wakisubiri ahadi.

Najua jibu la walimu wakuu, kwa sababu ni la kweli. Hukumu ikitolewa dhidi ya bodi, anayelipa ni shule, na shule ni wanafunzi. Madalali wamewahi kulifuata basi la shule kwa deni lisilomhusu mtoto hata mmoja aliyepanda basi hilo. Mpishi anayeshinda shilingi laki nne anaweza kuwa amechukua vitabu vya muhula mzima, na mwenzake aliyebaki jikoni ndiye atakayekatwa siku za kazi ili hesabu zikae sawa. Haya hayamfanyi aliyeshtaki kuwa na makosa. Yanaonyesha tu kwamba mzigo umewekwa mahali pasipo na mabega.

Kuna pingamizi jingine ambalo wenzangu wanaowatetea vibarua hawapendi kulisikia. Kifungu cha 232 cha Katiba kinataka uteuzi katika utumishi wa umma ufuate ushindani wa haki na ustahili. Mpishi wengi wetu tunayemkumbuka kwa mapenzi aliingiaje kazini? Mara nyingi alikuwa jirani wa shule, shemeji wa mwenyekiti wa bodi, muumini wa kanisa lililoifadhili shule. Hakukuwa na tangazo. Tukisema kwamba kila aliyemo leo ageuzwe kuwa wa kudumu kesho, tutakuwa tumeubariki upendeleo wa jana na kumfungia nje kijana wa kijiji cha pili ambaye hakuwa na shemeji. Nalichukulia pingamizi hili kwa uzito, lakini naona dawa yake haiko mbali. Nafasi zitangazwe, na miaka ya utumishi ihesabiwe kuwa alama. TSC yenyewe, inapochagua walimu, humpa alama zaidi aliyehitimu zamani na kusubiri kwa muda mrefu. Ikiwa kusubiri kunastahili alama, kufanya kazi kunastahili zaidi.

Walimu wa chekechea wanaweza kuonyesha njia, japo hawajafika mbali. Jedwali la Nne la Katiba liliwaweka chini ya kaunti, na kwa hiyo tangu ugatuzi wamekuwa na mwajiri anayejulikana jina na anayelazimika kisheria kutangaza nafasi. Malipo yao bado yanatofautiana mno kati ya kaunti na kaunti, na mikataba mifupi haijaisha. Lakini wanapogombana na mwajiri wao, hawaanzi kwa kumtafuta.

Marekebisho ninayoyaona ni ya lazima yanagusa aya moja ya Kifungu cha 59. Bodi iendelee kumsimamia mpishi, kumpangia zamu na kumtathmini, kwa kuwa wizara iliyo Jogoo House haiwezi kujua ni nani aliyechelewa kuwasha moto. Lakini idadi ya wafanyakazi wasaidizi kwa kila shule iwekwe na sheria kulingana na idadi ya wanafunzi na aina ya shule, nafasi hizo zitambuliwe kuwa nafasi za umma, na mishahara ilipwe kwa orodha ya malipo ya serikali kuu badala ya kupitia katika akaunti ya shule. Hapo neno moja kwa moja la Kifungu cha 260 litakuwa limetimizwa bila kuhitaji hoja ya mrija. Fungu la mishahara lililomo katika mgao wa kila mwanafunzi lingehamishiwa huko, na shule zingebaki na mgao mdogo usiokuwa na deni la mtu. Fedha za nyongeza zitahitajika, kwa sababu leo pengo linajazwa na mishahara isiyolipwa, na pengo hilo likitolewa gizani litaonekana katika bajeti kwa ukubwa wake halisi.

Kabla ya hapo, chama cha wafanyakazi na mawakili wanaowatetea wangefanya vizuri kuyatenganisha madai yao mawili. La mshahara, likizo na michango ya uzeeni lipelekwe mahakamani sasa, dhidi ya bodi, huku wizara ikiunganishwa katika shauri kwa kuchelewesha mgao ambao ndio chanzo cha malimbikizo. La ajira ya kudumu lipelekwe Bungeni likiwa na rasimu ya aya hiyo moja, na lipelekwe mapema, wakati kamati ya elimu ingali inapitia makadirio, kwa sababu wanagenzi wa 2024 waliingia katika ajira kupitia makadirio hayo.